Kiti Kisichokuwepo: Mombasa katika Mchezo wa Karata wa Kujenga Himaya

Mwaka 2015 Alexander Pfister, mbunifu wa michezo kutoka Austria, alitoa mchezo wa mezani alioupa jina la Mombasa. Huchezwa na watu wawili hadi wanne kwa duru saba, juu ya ramani ya Afrika, na mwaka uliofuata ulishika nafasi ya kwanza katika tuzo ya Deutscher Spielepreis. London ndipo mahali panapofaa kuujadili, na sababu si wingi wa wapenzi wa michezo hii waliojitokeza tangu mikahawa ya michezo kama Draughts ifunguliwe huko Haggerston mwaka 2014. Sababu ni kwamba kampuni halisi iliyoitawala Mombasa kwa hati ya kifalme iliundwa na kuendeshwa kutoka jiji hilo. Hoja yangu ni kwamba kosa la mchezo si kwamba unahusu himaya. Kosa lake ni kwamba mezani hakuna hata mmoja ambaye Mombasa ni kwao, na dawa iliyotafutwa baadaye imezidisha ugonjwa.

Ni haki kuanza na sifa zake, maana ni kazi ya akili kubwa. Ramani ina kampuni nne: ya Mombasa, ya Cape Town, ya Saint-Louis na ya Cairo. Mchezaji hamiliki hata moja. Ana hisa tu. Kila duru huchagua karata zake kwa siri na kuzilaza kifudifudi chini ya ubao wake: ndizi, kahawa, pamba, mtunza hesabu, mvumbuzi. Zikifunuliwa na kutumika, kila karata hupanda kwenye fungu lake la mapumziko, na mchezaji huruhusiwa kurudisha mkononi fungu moja tu kwa duru. Kwa hiyo anayetaka kahawa na pamba zirudi pamoja lazima awe ameyapanga mapumziko ya karata hizo duru kadhaa kabla. Karata za wavumbuzi husogeza vijumba, yaani vituo vya biashara, vya kampuni kwenye ramani. Penye kijumba cha kampuni nyingine, hicho hung'olewa na kurudishwa kwao. Kadiri vijumba vinavyotoka ndivyo thamani ya hisa inavyopanda. Mwisho huhesabiwa pauni.

Katika jambo moja mchezo umeona mbali kuliko vitabu vingi vya shule vilivyotufundisha ukoloni kama safari za mashujaa na bendera. Unaonyesha kwamba aliyeamua hatima ya nchi hakuwa na haja ya kuipenda wala kuichukia. Leo anaikuza kampuni ya Cairo, kesho anainunua ya Cape Town na kuisahau ya jana. Ndivyo mtaji ulivyokwenda.

Lakini fedha za Mombasa hazikwenda hivyo. Sir William Mackinnon, Mskoti aliyetajirika kwa meli za British India, alipata mkataba wa mwambao kutoka kwa Sultani Barghash wa Zanzibar mwezi Mei 1887, na hati ya kifalme ya Imperial British East Africa Company ikafuata Septemba 1888. Kampuni haikuwahi kuwapa wenye hisa gawio. Ushuru wa bandari haukutosha, na msafara wa Lugard, ofisa wa Kampuni, kwenda Buganda ulikula mtaji. Hata suala la watumwa liligeuka hesabu ya gharama: mwanzoni mwa 1889 wakala wake George Mackenzie aliwalipa mabwana fidia ya watoro wapatao 1,400 waliokimbilia misheni ya Rabai na vituo vya jirani, ili asigombane na wenye mashamba. Mackinnon alikufa London mwaka 1893, na miaka miwili baadaye Kampuni ikasalimisha madaraka yake kwa pauni 250,000. Katika hizo, 200,000 zilikuwa mali ya Zanzibar, fedha ambazo Ujerumani ilimlipa Sultani mwaka 1890 kwa mwambao ambao leo ni wa Tanzania bara. Yaani hasara ya wenye hisa wa London ililipwa kwa sehemu kubwa na aliyekodisha nyumba yake. Karata ya namna hiyo haimo katika kisanduku. Mchezo unaosema umejengwa juu ya uchumi umeacha kanuni muhimu kuliko zote za uchumi ule: nani hulipa kampuni inapofilisika.

Halafu kuna nchi yenyewe. Juu ya ubao, maeneo yote ya ramani yako wazi mpaka kijumba kifike. Kijitabu cha kanuni kina tangazo fupi linalokiri kwamba zama hizo zilikuwa za giza na kwamba unyonyaji wa Waafrika hauonyeshwi katika uchezaji. Naliheshimu tangazo hilo, lakini halitoshi, kwa sababu linawataja Waafrika kama watu walioteswa tu, ilhali walikuwa pia wapinzani wenye mbinu. Alipofariki Salim bin Khamis, mtawala wa Takaungu, mwaka 1895, Kampuni ilimtawaza mwanawe Rashid na kuwapuuza wengine waliodai haki ya urithi. Vita vilivyozuka vilimvuta Mbaruk bin Rashid wa Gazi, mzee wa ukoo wa Mazrui aliyekuwa amepambana na masultani wa Zanzibar kwa miaka mingi. Waingereza walilazimika kuleta askari kutoka Bara Hindi, na Mbaruk hakuondoka uwanjani hadi Aprili 1896 alipovuka na wafuasi wake kuingia upande wa Wajerumani. Kampuni ilikabidhi madaraka vita vikiwa vinaendelea.

Watu wa mwambao wana mchezo wao wa mikakati, yaani bao, nao haungeweza kubuniwa hivi. Katika bao hakuna shimo lisilo na mwenyewe. Kila kete unayoitamani iko upande wa mtu aliyekaa mbele yako, anayekuona ukiitamani, na zamu yake inakuja. Tofauti hii si ya ladha tu. Mchezo hufundisha kwa kanuni zake kuliko kwa picha zake, na kanuni isiyompa mwenyeji zamu inamzoesha mchezaji kuona ardhi kama nafasi inayosubiri.

Mwaka 2022 mchezo ulitolewa upya kwa jina la Skymines. Muundo wa karata na hisa ulibaki, ila Afrika iliondolewa na mahali pake pakawekwa Mwezi. Naelewa nia njema iliyokuwamo, na mwezini kweli hakuna wa kuonewa. Lakini badala ya kumletea kiti aliyesahauliwa, meza ilihamishwa mahali asipoweza kufika. Mombasa ilitoweka mara ya pili.

Njia nyingine ipo. Katika John Company ya Cole Wehrle, uliotoka mwaka 2017 na kufanyiwa marekebisho makubwa mwaka 2022, wachezaji ni koo za Uingereza zinazogombea vyeo ndani ya Kampuni ya India ya Mashariki. Hapa pia Wahindi hawana mchezaji, lakini dola za India zina mwendo wao: hupigana, huungana, huasi, na Kampuni inaweza kuanguka kabisa. Hiyo ni nusu ya safari.

Nusu iliyobaki inaweza kusafiriwa London hiyohiyo. Maktaba ya SOAS, karibu na Russell Square, imehifadhi karatasi za Mackinnon. Imehifadhi pia miswada ya Kiswahili aliyoikusanya mmisionari W. E. Taylor huko Mombasa kwa msaada wa mwanazuoni Mwalimu Sikujua. Mbunifu atakayesoma pande zote mbili atapata wachezaji wa kutosha: Sultani mwenye mkataba na deni, wakala anayeiomba London fedha zaidi, mwenye shamba anayedai fidia, mtoro wa Rabai anayetafuta pa kuishi, na Mbaruk, ambaye ushindi wake haupimwi kwa pauni bali kwa miezi anayoendelea kutokutawalika. Kila mmoja awe na lengo lake na karata zake, na mwenye hisa wa London awe mmoja tu kati yao, anayecheza bila kuiona vizuri ramani.