Kutoka redio ya babu mpaka bando langu: jinsi tulivyoiona Simba Kwa Mathias

Najua nimepotea, lakini mnajua mitihani ilivyotubana, halafu bumu nalo likawa linasuasua. Leo nimerudi na mada ndefu kidogo, kwa hiyo kama una chai isogeze karibu.

Ilikuwa hivi. Wiki iliyopita kwenye semina ya historia tulibishana sana juu ya mashahidi. Yupi wa kuaminiwa zaidi, aliyeona au aliyesikia? Wenzangu wakawa wanataja vita na mikataba ya wakoloni, mimi akili ikahamia kwenye mpira. Kwetu ni Kibaha, Kwa Mathias, barabara ya Morogoro, kama kilometa 40 hivi kutoka Dar es Salaam. Simba haiko mbali na sisi hata kidogo. Ila nyumba yetu ina vizazi vitatu vya wana Msimbazi, na nikihesabu mechi tulizoziona wote kwa macho yetu uwanjani, vidole vya mkono mmoja vinabaki. Nyingine zote zimetufikia kwa njia za kuungaunga. Sasa nikasema, mbona hiyo nayo ni historia, ila hakuna anayeiandika? Ngoja nijaribu.

Naanza na babu, Mungu amrehemu. Babu alikuwa na duka dogo la chumvi, mafuta ya taa na sabuni, na mali yake kubwa ilikuwa redio. Enzi hizo redio ni moja tu, RTD, yaani Radio Tanzania Dar es Salaam. Kusikiliza kwa makundi watu walishazoea. Mwaka 1973 kulikuwa na kampeni ya Mtu ni Afya, ambapo watu nchi nzima walikaa kwenye vikundi wakisikiliza vipindi vya afya na kujadiliana. Siku ya mpira benchi ni lile lile, somo tu ndilo linabadilika. Betri zikiisha nguvu, babu alikuwa anazianika juani tangu asubuhi ili jioni zijikongoje dakika 90. Ole wako mtoto uziguse.

Sasa 1979. Klabu Bingwa Afrika, Simba ikachapwa 4-0 na Mufulira Wanderers ya Zambia, hapa hapa Dar, mbele ya watu wake. Marudiano yakawa Lusaka. Nani alikuwa na hamu tena? Babu alifungua redio kusikiliza taarifa ya habari tu, akasikia Simba imeshinda 5-0 huko huko Lusaka! Alidhani mtangazaji amegeuza majina ya timu. Hakulala. Asubuhi akasimama barabarani kusubiri basi lililoleta gazeti la Uhuru kutoka mjini, akalisoma pale pale wima, ndipo akaamini.

Mpaka anafariki babu hakuwahi kuliona hata goli moja kati ya yale matano. Lakini jamani, alikuwa anayasimulia yote! Nani alipiga chenga, mpira ulipita kona gani, kipa alianguka vipi. Na kila mwaka yalikuwa yanazidi kuwa mazuri. Kwenye semina tungemwita shahidi asiyeaminika. Nyumbani alikuwa ndiye shahidi pekee, kwa hiyo tulimwamini.

Mtu atauliza, televisheni je? Hapo ndipo watu wa rika letu wanashangaa. Zanzibar walikuwa na televisheni tangu 1973, tena ya rangi, wakati nchi nyingi za Afrika zilikuwa bado na ya nyeusi na nyeupe. Huku bara hatukuwa na kituo hata kimoja. Serikali ya wakati ule iliona ni anasa, fedha ziende kwenye mambo ya lazima kwanza, na redio inatosha kumfikia mwananchi kijijini. Dar wenye uwezo walisimamisha antena ndefu juu ya paa wakaielekeza baharini ili wanase ya Unguja. Hilo lilikuwa jambo la watu wa pwani kabisa. Sisi wa Kibaha tulibaki na redio.

Hapo anaingia baba. Novemba 1993, Simba iko fainali ya Kombe la CAF dhidi ya Stella Abidjan ya Ivory Coast. Mechi ya kwanza Abidjan ilikwisha 0-0, ya pili Dar. Hebu fikiria: sare ugenini, marudiano nyumbani! Nchi nzima ilishaanza sherehe. Baba alikuwa kijana wa miaka 20 anajifunza ufundi baiskeli, na alikuwa anadunduliza nauli na kiingilio. Siku mbili kabla ya mechi mteja mmoja akachukua baiskeli yake iliyotengenezwa akasema atalipa Jumatatu. Pesa ya uwanjani ikaondoka na ile baiskeli.

Kwa hiyo fainali baba aliisikilizia kijiweni, na watu wamejazana mpaka barabarani. Uwanja wa Taifa (huu wa zamani tunaouita Shamba la Bibi, siku hizi Uhuru) umefurika, Rais Mwinyi yupo jukwaani. Stella wakashinda 2-0, magoli yote ya Boli Zozo. Baba anasema hakuhitaji kuambiwa. Nyuma ya sauti ya mtangazaji kulikuwa na kelele za watu, halafu kelele zikakatika ghafla. Akajua.

Sasa angalieni tarehe vizuri. Fainali ni Novemba 1993. Vituo vya televisheni vya bara, CTN, DTV na ITV, vilianza 1994! Yaani mechi kubwa kuliko zote kuwahi kuchezwa na klabu yetu hadi wakati ule ilitokea miezi michache tu kabla bara haijapata kituo cha kuionyesha. Ndiyo maana wazee wetu wakiizungumzia utasikia wanataja kelele, ukimya, sauti ya mtangazaji. Kwa wengi wao ile ni kumbukumbu ya masikio. Waliokuwa uwanjani ni wachache, ingawa siku hizi kila mzee unayekutana naye atakuambia alikuwepo, teh teh!

Baada ya hapo mambo yakakimbia, ila yalikimbilia upande tusioutarajia. Yalikuja madishi na ving'amuzi, na mtaani yakaja mabanda ya video ambayo sote tunayajua kwa jina la vibanda umiza. Mabati, mabenchi ya mbao, televisheni juu kabisa, joto kama tanuri, na ubao nje umeandikwa kwa chaki mechi za leo. Kwa kaka zangu kibanda ndicho kilikuwa shule ya pili. Mwaka 2007 ikaja GTV na king'amuzi cha bei nafuu chenye ligi ya Uingereza, watu wakanunua, mwanzoni mwa 2009 kampuni ikafa na ving'amuzi vikabaki mapambo kabatini. Wenye vibanda wakarudi kwenye dishi la gharama na wateja wakarudi kwenye benchi.

Mimi binti nilikuwa naruhusiwa kufika mlangoni tu. Mama alisema kibandani si mahali pa mtoto wa kike, na kwa kweli wanawake ndani walikuwa wa kuhesabu. Kwa hiyo nilikuwa nasimama nje kwenye ufa wa bati. Jicho moja, nusu ya kioo. Nikiona mchezaji amekimbia kwenda kushoto basi ndiyo ameondoka hivyo, lililotokea huko nasubiri nisikie kelele. Nilikuwa na miaka saba au minane.

Na nilikuwa naona nini? Chelsea na Arsenal! Nilimjua Drogba kwa sura kabla sijamjua Okwi. Mechi za Simba zilizokuwa zinaonyeshwa zilikuwa za kuokoteza, moja moja, wakati za London zilikuja kila wiki bila kukosa. Mtoto wa Kwa Mathias alijua nyasi za Stamford Bridge zilivyo, lakini uwanja ulioko mwendo wa saa chache tu kwa daladala hakuujua. Uwanja mpya wa watu 60,000 ulikuwepo tangu 2007, huu tunaouita kwa Mkapa, lakini nauli ya watu watano kwenda na kurudi, viingilio na maji ya kunywa si mchezo kwa fundi baiskeli.

Mwisho wa 2013 ikaanza Azam TV, ligi yetu ikaanza kuonekana wiki baada ya wiki. Mwaka 2021 wakasaini na TFF mkataba wa miaka 10 wa shilingi bilioni 225.6, na siku hizi unaiangalia Simba ikiwa Bukoba au Mbeya ukiwa umekunja miguu mkekani. Wataalamu wataongelea fedha za klabu, nami sina ubishi. Ila kwa nyumba yetu lililobadilika ni lingine. King'amuzi kilipofika kwetu mwaka 2016, kwa mara ya kwanza mimi na mama tulikaa mbele. Hakuna mlango wa kuzuiliwa, hakuna ufa. Ndipo tukagundua kwamba mama ni Yanga! Miaka yote hiyo amenyamaza, mpira ulikuwa unaongelewa kijiweni na kibandani, nani angemuuliza? Mwaka 2023 Yanga walipofika fainali ya Shirikisho na USM Alger, wakafungwa 2-1 nyumbani, wakashinda 1-0 Algiers na kulikosa kombe kwa magoli ya ugenini, mama alikaa mbele ya kioo kile akalia machozi kabisa. Baba akamletea maji. Hakumtania mpaka siku ya tatu.

Huku chuoni ndiyo kabisa, mpira uko kwenye simu. Ila mmeona kitu kimoja? Redio inatangulia, dishi linafuata, simu inakuja mwisho. Nikiwa naangalia kwa bando, chumba cha tatu wanapiga kelele za goli wakati kwangu mpira bado uko katikati ya uwanja. Sekunde kadhaa tu, lakini zinatosha kuharibu utamu wote. Na baba akiwa na redio yake Kwa Mathias ananitumia meseji, "Goooli", ninaisoma kabla sijaliona. Njia mpya kuliko zote ndiyo inayochelewa kuliko zote!

Sasa nifike nilikokuwa naelekea. Mei 2025 Simba ikaingia fainali ya Kombe la Shirikisho. Miaka 32 baada ya ile ya 1993. Baba alianza kuweka pesa tangu nusu fainali haijaisha, kwenye kopo, mtindo wa zamani. Alisema, "Safari hii, mwanangu, hakuna wa kuondoka na baiskeli yangu." RS Berkane wakashinda 2-0 kwao Morocco, sawa, marudiano kwa Mkapa. Halafu mechi ikahamishiwa Zanzibar, Uwanja wa Amaan. Nauli ya boti, tiketi, malazi... Baba hakusema kitu. Alifungua kopo akalipia king'amuzi cha mwezi na kununua betri mpya.

Jumapili ile ya tarehe 25 nilitoka chuo nikaenda nyumbani. Nikakuta baba amezima sauti ya televisheni na kuweka redio pembeni, eti mtangazaji wa redio anajua kumheshimu msikilizaji. Kwa hiyo tukawa tunasikia kwanza, tunaona baadaye. Mutale alipofunga dakika ya 17 baba aliruka kabla picha haijafika, nami nikaruka kwa kumwamini yeye. Kipindi cha pili tukaruka tena kwa goli la Mukwala, halafu VAR ikalikataa. Tukakaa. Bado 1-0, bado linahitajika moja tu kwenda penalti.

Dakika za nyongeza, mimi macho kwenye kioo. Nikamwona baba ameinua kichwa na kunitazama. Kelele za redioni zilikuwa zimekatika. Kwenye kioo chetu Berkane walikuwa bado wanaujenga mpira. Nililiona lile goli la Sidibe usoni kwa baba kwanza, ndipo likaja kwenye picha. Ikaisha 1-1, kombe likaenda Morocco.

Baadaye wakawa wanalirudia lile goli, mara kutoka nyuma, mara pembeni, mara taratibu. Baba akachukua rimoti akazima. Akasema, "Yale mawili ya Stella sijawahi kuyaona mpaka leo. Kumbe ilikuwa nafuu."

Nimeliwaza neno hilo kwenye gari mpaka Mbezi. Semina nzima tulidhani aliyeona ndiye mwenye bahati. Babu hakuona, akabaki na magoli matano mazuri kuliko yaliyofungwa. Baba hakuona, akahifadhiwa. Mimi naona kila kitu, hata mara nne kwa taratibu, na sijui nitawasimulia nini wanangu ambacho hawatakitafuta wenyewe kwenye simu. Labda nitawasimulia ule uso wa baba. Huo hakuna kamera iliyouchukua.

Haya, usiku umekwenda na kesho nina kipindi saa mbili. Wadau, na nyie semeni: kwenu mliiona vipi, na mlikaa na nani? Watani wa Jangwani pia mnaruhusiwa, mama yangu amewaombea.