Neno la Wiki: Kihindi si Kihindu
Juzi, katika duka moja hapa Nyamianda, kijana alinionyesha kalenda mbili za ukutani zenye picha ya mungu Ganesha, akacheka: “Mzee, kalenda hizi za Kihindi zimepotea! Mwaka 2023 sikukuu ya Diwali ni Novemba 12, mwaka 2025 ni Oktoba 20.” Kalenda hazijapotea, mwanangu, lililopotea ni neno lako. Mhindi ni mtu wa India, na anaweza kuwa Mwislamu, Mkristo au Kalasinga. Mhindu ni mfuasi wa dini ya Kihindu. Majina yote mawili chanzo chake ni mto Sindhu, ambao Waajemi waliutamka Hindu.

Basi sema kalenda ya Kihindu. Wenyewe huiita panchang, yaani viungo vitano. Diwali huwekwa usiku wa giza totoro, kabla mwezi haujaandama. Miezi yao hufuata mwezi wa angani kama ile ya Kiislamu, lakini kila baada ya miaka mitatu hivi huongezwa mwezi wa 13. Ndiyo maana Idi huzunguka mwaka mzima, na Diwali haibanduki Oktoba na Novemba.