Televisheni ya Polepole: Moto, Reli na Meli

Televisheni ya polepole ni utangazaji unaoonyesha jambo moja la kawaida kwa muda mrefu, bila kisa, mvutano wala kilele. Mtazamaji hangoji kitakachotokea. Hukaa na kilichopo na kujichagulia pa kutupia jicho.

Mkesha wa Krismasi wa 1966, kituo cha WPIX cha New York kilionyesha magogo yakiwaka kwa saa tatu, huku muziki wa sikukuu ukipigwa. Mkuu wake, Fred Thrower, aliwakusudia wakazi wa fleti zisizo na mahali pa kuotea moto. Filamu yenyewe ilikuwa ya sekunde 17, ikirudiwa tena na tena. Mwishoni mwa Desemba 1969, msanii wa Uholanzi Jan Dibbets naye alionyesha moto kupitia kituo cha WDR cha Ujerumani Magharibi, dakika chache kila usiku. Moto wa kwanza ulikuwa zawadi ya sikukuu, wa pili kazi ya sanaa. Yote miwili iligeuza televisheni kuwa meko.

Nchini Norway, shirika la umma la NRK liliikuza mbinu hiyo. Tarehe 27 Novemba 2009, reli ya Bergen ilipotimiza miaka 100, lilirusha safari nzima ya treni kutoka Bergen hadi Oslo, zaidi ya saa saba, iliyorekodiwa kabla. Treni ilipoingia kwenye mahandaki, giza lilijazwa kwa picha za kale za reli hiyo. Watu wapatao milioni 1.2 waliitazama angalau kwa kitambo, katika nchi iliyokuwa na watu wasiotimia milioni 5.

Juni 2011 ilifuata safari ya meli ya pwani ya Hurtigruten, kutoka Bergen hadi Kirkenes, saa 134 moja kwa moja. Kwa kuwa matangazo yalikwenda sambamba na safari, watu wa pwani walijua meli ingepita lini. Walitoka na bendera, wengine wakaisindikiza kwa mashua. Watazamaji wakawa sehemu ya picha.

Februari 2013 NRK ilirudi kwenye moto: usiku wa saa 12 kuhusu kuni, saa nane kati yake zikiwa za moto unaowaka. Mwaka huohuo Baraza la Lugha la Norway lilichagua “sakte-tv”, yaani televisheni ya polepole, kuwa neno la mwaka.