Majina ya Watu katika Mimea ya Usambara

Katika Milima ya Usambara, majina ya kisayansi ya mimea yanahifadhi historia ya ukoloni wa Kijerumani. Jina la kisayansi lina sehemu mbili, jenasi, yaani kundi la viumbe wenye nasaba ya karibu, na spishi, na mtaalamu anayekieleza kiumbe kwa mara ya kwanza huweza kumtukuza mtu katika sehemu yoyote kati ya hizo. Ndivyo ua dogo la zambarau lenye chavulio za njano na majani yenye vinyweleo, linaloota kwenye miamba yenye kivuli na unyevu, lilivyoitwa Saintpaulia ionantha na Hermann Wendland mwaka 1893, kwa heshima ya Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa kikoloni aliyelipeleka Ujerumani kupitia kwa baba yake.

Heshima hiyo, hata hivyo, haina uhakika wa kudumu. Carl Holst, aliyekusanya mimea mingi Usambara, alipewa Impatiens holstii, lakini mmea huo ulipoonekana kuwa ndio ule uliokwisha kuitwa Impatiens walleriana, kwa kumbukumbu ya mmisionari Horace Waller, jina lililotangulia ndilo lililoshika. Saintpaulia nayo iliingizwa katika jenasi Streptocarpus mwaka 2015. Pengo kubwa zaidi, na la kusikitisha, ni la Wasambaa, walioijua misitu na mimea yake kabla ya wageni hao, ilhali majina hayo mashuhuri hayamtaji hata mmoja wao.