Kesho kutwa ya Waingereza

Mwingereza akitaka kutaja kesho kutwa, hupanga maneno manne: “the day after tomorrow”. Zamani angeweza kutumia moja tu, “overmorrow”.

Neno hilo limo katika Biblia ya Miles Coverdale ya mwaka 1535, Biblia kamili ya kwanza kuchapishwa kwa Kiingereza. Katika Kitabu cha Tobiti, Tobia anamwambia Sara, mke aliyemwoa punde, wainuke wamwombe Mungu leo, kesho na “overmorrow”. Coverdale alitafsiri kutoka Kilatini na Kijerumani, na Wajerumani wanalo ndugu yake, “übermorgen”. Waholanzi nao husema “overmorgen”. Wote wanayatumia kila siku. Waingereza ndio waliolitupa lao, pamoja na “ereyesterday”, yaani juzi.

Muundo wake ni mwepesi: “over” ni kupita, na “morrow” ni kesho, ingawa asili yake ni asubuhi. Huweza kuwa jina la siku au kielezi. Katika Kiingereza cha sasa ni la kale kabisa; anayelitumia katika barua ya kazi asishangae akiulizwa ana maana gani.

Mswahili ana hazina ndefu zaidi. Baada ya kesho kutwa huja mtondo, kisha mtondogoo. Vijana wengi mijini hawayatamki tena maneno haya mawili, nao huhesabu “baada ya siku tatu, nne”. Hiyo ni hasara kubwa, maana haya bado yanaweza kuokolewa.