Sushi si samaki mbichi: somo la wali nililopata Kyoto

Umewahi kulipia darasa la mapishi ya samaki, halafu saa nzima ya kwanza usimwone samaki mwenyewe? Mimi yalinikuta Kyoto. Nilikuwa nimekwenda Japani kwa mkutano wa kitaaluma, nikabakiwa na siku mbili, nikajiandikisha darasa la sushi la watu wasiojua kitu kabisa. Tulikuwa sita, aproni kiunoni, simu mkononi tayari kwa picha. Mwalimu, mama mtu mzima mwenye maneno machache, akatuwekea mbele sufuria la wali. Basi.

Nikamnong'oneza jirani yangu: samaki yuko wapi? Mwalimu akasikia. Akatuambia kupitia mkalimani kwamba sushi ni wali, samaki ni kitoweo chake tu. Ukiweka yai, tango au uyoga juu ya wali ule, bado ni sushi. Ukimkata samaki mbichi ukamla bila wali, hiyo si sushi, ina jina lake: sashimi.

Kazi yenyewe inaonekana rahisi. Wali ukiiva unamwagwa kwenye beseni pana la mbao, unanyunyiziwa siki iliyochanganywa na sukari na chumvi, halafu unakatwakatwa kwa mwiko huku mtu mwingine anapepea. Unakatwa, haukorogwi. Mimi mkono wangu umezoea kusonga ugali, kwa hiyo nilisonga. Wali wangu ukawa bokoboko.

Sababu ni ya kikemia. Wanga wa mchele una molekuli za aina mbili: amilosi, iliyonyooka kama uzi, na amilopektini, yenye matawi. Mchele wa Kijapani una amilosi kidogo kuliko mchele wetu wa pilau, ndiyo maana punje zake hushikana. Ukizisaga kwa mwiko wanga unatoka nje na kuwa gundi. Hilo nililielewa. Lililonisumbua ni siki. Kwa nini wali utiwe siki? Nilidhani ni suala la ladha tu. Kumbe siki ile imebeba historia ya zaidi ya miaka 1,000.

Samaki ndani ya pipa

Neno lenyewe "sushi" linahusishwa na neno la Kijapani cha kale lenye maana ya kuwa na uchachu. Sushi ya mwanzo haikuwa samaki mbichi hata kidogo. Ilikuwa njia ya kuhifadhi samaki, na wataalamu wengi wanaamini ilianzia kwa wakulima wa mpunga wa Asia ya Kusini-Mashariki kabla ya kufika Japani. Sheria za Japani za mwaka 718 tayari zinaitaja miongoni mwa vitu vilivyolipwa serikalini kama kodi.

Njia yenyewe ni hii. Samaki anasafishwa, anapakwa chumvi nyingi, anakaa hivyo kwa miezi. Kisha anapangwa ndani ya pipa pamoja na wali uliopikwa, tabaka juu ya tabaka, na mawe mazito yanawekwa juu. Humo ndani bakteria hula sukari inayotokana na wanga wa wali na kutoa asidi ya laktiki. Ni ndugu wa bakteria wanaogandisha mtindi wako. Asidi ikiongezeka, vijidudu vya kuozesha hushindwa kuishi, na samaki anadumu mwaka au zaidi. Kwa lugha ya leo, wali ulikuwa kiwanda cha asidi. Baada ya kazi hiyo mara nyingi ulitupwa, akaliwa samaki peke yake.

Lakini mchele ni mali, na kuutupa kunauma. Kufikia karne ya 15 na 16 watu walikuwa wanafungua mapipa mapema, baada ya wiki chache, wali ukiwa na uchachu wa wastani, wakala vyote viwili. Hapo ndipo wali ulipoanza kupanda cheo.

Haraka ya Edo

Hatua iliyofuata ilikuwa kuuliza: kama tunachotaka ni ule uchachu, kwa nini tusubiri bakteria? Tutie siki. Hiyo ndiyo sushi ya haraka iliyoenea katika karne ya 17 na 18. Mwaka 1804 mtengenezaji wa sake aitwaye Nakano Matazaemon, wa mji wa Handa, alianza kutengeneza siki kwa machicha yanayobaki sake ikishakamuliwa. Machicha yalikuwa karibu takataka, kwa hiyo siki yake ilikuwa nafuu, na ilipelekwa kwa meli hadi Edo, mji tunaouita leo Tokyo.

Edo ulikuwa na watu wapatao milioni moja, wengi wao vibarua, mafundi na wanaume walioishi peke yao. Walitaka chakula cha kusimama na kuondoka, kama wewe unavyokula chipsi yai kibandani. Katika miaka ya 1820 wauzaji wa vibanda, na maarufu zaidi ni Hanaya Yohei, walianza kufinyanga tonge la wali wenye siki na kubandika kipande cha samaki juu. Tonge lilikuwa kubwa kuliko la leo, na samaki mara nyingi hakuwa mbichi kabisa. Barafu haikuwepo, kwa hiyo alichemshwa, akalowekwa kwenye siki, au akazamishwa kwenye mchuzi wa soya. Sehemu ya jodari yenye mafuta mengi, ambayo leo ni ghali kupindukia, ilidharauliwa kwa sababu iliharibika upesi. Walisema hata paka huiruka.

Kwa hiyo lile tonge tunaloliita "sushi ya jadi" lina umri wa miaka 200 tu, na lilizaliwa kibandani, si ikulu.

Kikombe cha mchele

Sasa swali lingine. Darasa langu lilikuwa Kyoto, ambako watu wana sushi yao ya makrili waliotiwa chumvi, wakibebwa zamani kwa miguu kutoka pwani ya Wakasa. Kwa nini nilifundishwa tonge la Tokyo?

Sababu mbili, zote za msiba. Mwaka 1923 tetemeko kubwa la ardhi liliiangamiza Tokyo, na wapishi wengi wa sushi wakarudi mikoani kwao na ufundi wao. Halafu ikaja njaa ya baada ya vita. Mwaka 1947 serikali ilizuia biashara nyingi za chakula kwa sababu mchele ulikuwa wa mgao. Wauza sushi wa Tokyo wakaomba njia ya kutokea: mteja alete mchele wake, kipimo kimoja cha mililita 180, apewe matonge kumi na kulipia kazi ya kufinyanga. Wakakubaliwa, na utaratibu huo ukafuatwa karibu nchi nzima. Anayetaka leseni akatakiwa kufinyanga kama Tokyo. Sushi za mikoa zikabanwa, na ndivyo chakula cha mji mmoja kilivyokuwa cha taifa.

Na minyoo je? Najua umeshajiuliza. Samaki wa baharini wanaweza kubeba mnyoo aitwaye Anisakis, na siki ya jikoni haimuui. Anayemuua ni baridi: nyuzi joto 20 chini ya sifuri kwa angalau saa 24. Samaki mbichi unayemwona leo ni mtoto wa friji.

Samaki wa zawadi

Siku yangu ya mwisho nilipanda treni hadi Otsu, kando ya Ziwa Biwa, kubwa kuliko yote Japani. Huko bado wanatengeneza sushi ya pipa, iitwayo funazushi, kwa samaki wa ziwa hilo, nigorobuna. Nililetewa vipande vyembamba vyenye mayai ya rangi ya chungwa. Harufu ilikuwa ya jibini kali. Ladha ilikuwa chachu, chumvi, halafu utamu unaokuja taratibu. Kipande cha kwanza nilimeza kwa adabu. Cha tatu nilikitaka mwenyewe.

Bei ilinishtua, nikaambiwa nigorobuna wamepungua. Matete wanamotagia yaliondolewa kupisha ujenzi, na samaki wageni wakaingia. Mmoja wa wageni hao ni bluegill, aliyeletwa Japani mwaka 1960 na Akihito, wakati huo mwana wa mfalme, akiwa amezawadiwa na meya wa Chicago. Walikusudiwa kuwa chakula. Walienea, wakawa wanakula mayai na vifaranga vya wenyeji. Mwaka 2007, akiwa mfalme, Akihito alisema hadharani, huko huko Otsu, kwamba jambo hilo linamuumiza moyo.

Mimi nimekulia Mwanza. Sikuhitaji mkalimani kwa sehemu hiyo. Sangara alipandikizwa Ziwa Victoria katika miaka ya 1950 kwa nia njema ile ile, na kufikia miaka ya 1980 mamia ya aina za furu zilikuwa zimetoweka au kubaki chache sana. Bibi yangu hadi leo anataja majina ya furu ambao mimi sijawahi kuwaona. Watoto wa mtaani kwetu wanadhani ziwa limekuwa la sangara tangu zamani.

Hilo ndilo nililorudi nalo, pamoja na mkeka mdogo wa mianzi. Chakula kinaweza kubadilika mara kumi na bado kikaishi: pipa likawa siki, siki ikawa kibanda, kibanda kikawa mgahawa. Lakini hakuna ufundi wa kumrudisha samaki aliyekwisha ziwani. Nikifika nyumbani nitamkalisha bibi chini na daftari, tuyaandike yale majina yote.