Mizizi Iliyovuka Bahari

Njia ya Bulwa, katika Usambara Mashariki, huteremka kati ya chai na misitu mpaka Muheza. Na kutoka Muheza msafiri aweza kushika njia ya Pangani. Leo Pangani ni bandari ndogo, tulivu. Katika karne ya 19 ilikuwa mlango wa watu wasiorudi.

Miaka ya 1830 ukame na njaa viliikumba nchi ya Wazigua, majirani wa Washambaa na Wabondei na ndugu zao kwa lugha. Wapo waliojiweka rehani kwa chakula, na wapo waliouzwa. Majahazi yakawachukua Unguja, na wengi yakawafikisha Barawa na Merka, pwani ya Banadir, wakalimishwa mashamba ya watu. Masimulizi yao humtaja mwanamke, Wanankhucha, aliyewaongoza kutoroka kurejea kwao. Hawakufika. Walitua katika misitu ya mto Juba, wakalima, wakazaa, wakazikana huko.

Vita vya Somalia vya mwaka 1991 vikawang'oa tena. Baadhi yao, wazee kwa watoto, walivuka bahari hadi Tanzania wakisema kwamba wanarudi nyumbani. Walipokewa kama wakimbizi, kwanza Mkuyu, kisha Chogo, katika wilaya ya Handeni: nchi ileile ya babu zao. Mzee na mkewe waliozaliwa Juba wangeonyesha nini hapo? Hati hawakuwa nayo, wala kaburi la babu hawakulijua. Walikuwa na Kizigua. Walipofungua vinywa, wenyeji waliwaelewa. Ushahidi wa mdomo ukatangulia ushahidi wa karatasi, kwani vyeti vya uraia walianza kupewa baadaye.

Sisi watu wa visiwani, tunaoipenda lugha kwa ajili ya tungo zake, tuna la kujifunza hapo, na tuna la kukiri. Majahazi yale yalitia nanga kwetu, na soko la watumwa la Unguja halikufungwa ila mwaka 1873. Basi tunapouhesabu urithi wa bahari hii, pamoja na milango ya nakshi na diwani za washairi, tukihesabu na Kizigua kile kilichosemwa Juba kwa zaidi ya miaka 150, na watu ambao hawakupata kuiona Pangani.